Picha Niliyoifuata Mji Usio Wake

Kwa miaka kumi na moja nilifundisha picha moja kwa fotokopi. Mzee mweusi amekaa kitini, mtoto wa kiume amesimama katikati ya magoti yake, na mikononi mwa mtoto kuna chombo cha nyuzi kinachomzidi kifua. Ni "Somo la Banjo" ya Henry Ossawa Tanner, Mmarekani mweusi, ya mwaka 1893. Fotokopi yangu ilitolewa kwenye fotokopi nyingine, na hiyo nyingine sijui ilitoka wapi, kwa hiyo kilichobaki ni weusi mtupu na nyuso mbili. Wanafunzi wangu wa Tanga nikawaambia, darasa baada ya darasa, kwamba mchoraji alitumia giza kuonyesha ufukara wa ile nyumba. Nilisema kwa uhakika, na wao waliandika kwenye madaftari.

Naandika haya kwa ajili ya mwalimu au mchoraji mwenzangu ambaye siku moja atapata nafasi ya kufika Marekani na atataka kuona picha za kule kwa macho yake. Mimi niliipata, nikapoteza sehemu ya siku zangu na sehemu ya fedha zangu kwa kutojua mambo ambayo mtu angeniambia kwa dakika kumi.

Mdogo wangu anaishi Silver Spring, Maryland, nje kidogo ya Washington. Alijifungua mtoto wa kwanza mwezi Desemba, shule zetu zikiwa zimefungwa, nikaenda kumhudumia. Wiki tano. Tulikubaliana kwamba nitapika, nitamwosha mtoto, nitamkanda mama yake, na kila wiki nitapewa siku moja au mbili za kutoka. Nilikuwa nimeweka akiba ya dola 400 kwa ajili ya hizo siku. Nataja kiasi kwa sababu nilipokuwa najiandaa sikumpata mtu hata mmoja aliyenitajia.

Washington ndiko kwa kuanzia, na sababu ni fedha. National Gallery of Art, jumba la sanaa la taifa lililofunguliwa mwaka 1941, halitozi kiingilio, na majumba ya makumbusho ya Smithsonian hayatozi pia. Unaingia, unachoka, unatoka kwenda kula, unarudi. New York ni habari nyingine: jumba la sanaa la Metropolitan humtoza mgeni dola 30, na kule bei ya chini ni ya wakazi wa jimbo lao na wanafunzi wa majimbo ya jirani. Nilikuwa nimeiweka New York kwenye ratiba. Niliiondoa wiki ya kwanza na sijajuta.

Siku ya kwanza nilitoka na mzigo: begi la mgongoni lililojaa, chupa ya maji, daftari la kuchorea, kalamu tatu za wino na kiboksi cha rangi za maji. Begi nililazimika kuliacha kaunta. Kalamu za wino nikaambiwa zisitoke mfukoni, kwani mbele ya picha watu huandika na kuchora kwa penseli peke yake. Mimi penseli sikuwa nayo, na siku hiyo sikuchora kitu. Kisha kikaja kingine. Mwalimu amezoea kunyooshea ubao kidole. Nami nilinyoosha kidole kufuata mstari wa mkono uliochorwa, na mlinzi, mzee wa makamo, akaja mbio kwa hatua fupi fupi kuniomba nirudi nyuma. Nilimwomba radhi, akacheka kwa wema, akanieleza kwamba watu wengi hawajui jinsi mkono unavyosogea wenyewe. Tangu hapo nilizunguka mikono ikiwa mgongoni.

Picha niliyokuwa naifuata kwa kidole ni ya papa. Aliichora John Singleton Copley, mzaliwa wa Boston, akiwa London mwaka 1778. Kijana wa miaka kumi na minne, Brook Watson, alikuwa anaogelea bandari ya Havana mwaka 1749, papa akamrukia na kumkata mguu. Aliokolewa, akaishi, na uzeeni akawa Meya wa London. Kwenye picha yuko uchi majini, chali, nywele zimetawanyika, na mashua ya watu tisa imemfikia wakati papa anarudi na mdomo wazi. Mimi nimekulia pwani. Nimewaona papa wakishushwa mashuani tangu sijaanza shule, wengine wakubwa kuliko wavuvi waliowabeba. Huyu wa Copley ana midomo. Midomo kabisa, minene, kama ya mtu. Papa hana midomo namna ile, na kwa dakika kadhaa sikuona kingine chochote. Nilisimama nikigombana na yule samaki.

Hapo ndipo nilipojifunza kukaa. Ningeondoka pale papa aliponiudhi, ningeondoka na papa tu. Nilipobaki niliona kwamba anayesimama juu kuliko wote katika ile mashua ni mtu mweusi. Ameshika kamba, na mkono wake mwingine umenyooka hewani vilevile kama mkono wa kijana aliye majini, mmoja juu, mmoja chini, kama vile inaitana. Mwaka 1778 hapo! Nilikaa kwenye benchi karibu saa nzima. Watu walikuwa wanapita, wanapiga picha kwa simu, wanaendelea. Ushauri wangu kwa anayekwenda ni kuchagua picha tano kwa siku na kuziacha nyingine zote, hata ikiuma, na inauma. Na avae viatu alivyokwisha kuvizoea. Vyangu vilikuwa vipya.

Siku ya pili nilikwenda jumba la Smithsonian la sanaa ya Kimarekani nikafika saa nne asubuhi, kijibaridi kile kinachoingia hadi kwenye meno. Mlango umefungwa. Jumba lile hufunguliwa saa tano na nusu, na saa hizo zimeandikwa wazi kwa yeyote anayetazama kabla ya kutoka nyumbani. Ng'ambo ya barabara kuna maktaba ya Martin Luther King, nikaingia kujipasha moto, ikawa heri, kwa sababu humo nilimsoma William H. Johnson.

Johnson alizaliwa Florence, South Carolina, mwaka 1901. Alisoma New York, akaishi Ufaransa na Denmark, akaoa huko, akarudi Marekani, akaacha mbinu alizosomea na kuanza kuchora watu wake kwa rangi nzito zilizo bapa: watu wakienda kanisani na mkokoteni, watu mkahawani usiku. Mke wake akafa. Yeye akaugua akili, na mwaka 1947 akalazwa hospitali ambako alikaa miaka ishirini na mitatu mpaka alipofariki mwaka 1970, bila kushika brashi tena. Picha zake zote zilikuwa zimewekwa bohari New York, na fedha za kulipia bohari zikaisha. Zilikuwa zinaelekea kutupwa. Taasisi ya Harmon ikazichukua, na mwaka 1967 zaidi ya kazi elfu moja zikapewa Smithsonian. Elfu moja! Kazi ya maisha ya mtu, na baina yake na jalala kulikuwa na ankara ya stoo.

Nilipoingia nilidhani nitazikuta zote. Nilizikuta chache sana. Nilisikitika, halafu mhudumu akanielewesha jambo ambalo lingenifaa miezi mitatu nyuma: kinachotundikwa ukutani ni sehemu ndogo ya kile ambacho jumba linamiliki. Zilizobaki ziko ghalani, au zimeazimwa jumba jingine, au zinatengenezwa, na zile za karatasi hupumzishwa gizani kwa sababu mwanga unazila. Kuna sehemu ya lile jumba, kwenye ghorofa ya tatu na ya nne, ambayo ni ghala la wazi lenye makabati ya vioo, vitu zaidi ya elfu tatu, na humo nilishinda mpaka jioni. Lakini jambo la kukumbuka ni kwamba picha kuwa mali ya jumba fulani hakumaanishi utaiona ukifika. Kwenye tovuti zao kila picha ina ukurasa wake, na ukurasa unasema kama imetundikwa na iko chumba gani. Niliusikia ushauri huo, nikauandika kwenye daftari kwa penseli niliyonunua pale pale. Wiki iliyofuata nikafanya kinyume chake.

Kwa Tanner sikuangalia chochote, na nitaeleza kwa nini. Nilijua maisha yake kwa moyo. Alizaliwa Pittsburgh mwaka 1859, akakulia Philadelphia ambako baba yake alikuwa mtu mkubwa wa kanisa, akaingia chuo cha sanaa cha mji ule mwaka 1879 akafundishwa na Thomas Eakins, kisha ubaguzi ukamchosha, akahamia Paris mwaka 1891, akafia Ufaransa mwaka 1937. Mji wake ni Philadelphia. Basi picha yake iko Philadelphia. Nilishika hilo kama mtu anavyoshika jina la babu yake.

Jumamosi moja nikapanda basi la alfajiri. Nauli ya kwenda na kurudi ilikuwa dola 52, safari ya saa tatu, na mdogo wangu nimemwachia mtoto mwenye mafua. Nikalipa kiingilio kamili cha jumba la makumbusho ya sanaa la Philadelphia. (Ijumaa jioni na Jumapili ya kwanza ya mwezi wanakuachia ulipe unachoweza. Mimi nilikwenda Jumamosi.) Nikamwuliza binti wa kaunta "Somo la Banjo" liko chumba gani. Akaandika kwenye kompyuta, akanitazama, akaandika tena. Akaniambia kwa upole kwamba picha hiyo haijawahi kuwa yao. Ni ya Chuo Kikuu cha Hampton, jimbo la Virginia.

Nilihisi joto la aibu kutoka shingoni mpaka masikioni. Kutoka pale Hampton ni zaidi ya kilomita 400, na nilikuwa nimetoka Washington, yaani nilisafiri asubuhi nzima kuikimbia. Nilikaa kwenye ngazi za ndani, zile pana, nikalia kidogo. Nilimlilia yule mtoto mwenye mafua na zile dola. Na zaidi nililia kwa sababu ya miaka kumi na moja ya kusimama mbele ya watoto kama mtu anayejua.

Yule binti alinifuata. Alikuwa na ramani ya jumba, ameweka alama ya duara kwenye chumba kimoja. "Tuna Tanner mwingine," akasema.

Ni picha ya Maryamu na Malaika Jibrili, ya mwaka 1898, baada ya Tanner kuzuru Misri na Palestina. Sisi wengine kisa hiki tumesomeshwa chuoni tukiwa wadogo, mwalimu akitusomea sura ya Maryamu kwa sauti, na kila mtu ana Maryamu wake kichwani. Wa kwangu alikuwa mwanamke mtu mzima, mrefu, ametulia. Wa Tanner ni msichana. Amekaa ukingoni mwa kitanda kilichovurugika, amejizungushia nguo, viganja ameviunganisha, na chini ya pindo la nguo vidole vya miguu vimechungulia. Zulia sakafuni limejikunja kama mtu aliyeamka ghafla ndiye aliyelisukuma. Na malaika hana mbawa wala sura. Ni nguzo ya nuru tu, imesimama chumbani, imeumwagia ukuta rangi ya dhahabu, na yule binti ameinua uso anaitazama kwa namna ya mtu anayeogopa ila hakimbii.

Nilisimama pale nikamkumbuka mdogo wangu siku ya tatu baada ya kujifungua, alipokaa hivyo hivyo ukingoni mwa kitanda alfajiri, shuka zimejikunja, miguu haijafika kwenye kandambili. Sikumwambia mtu.

Pembeni mwa picha kuna kibao cha maelezo, na kwenye kibao kuna mstari wa mwisho ambao watu hawausomi, wenye namba. Ya hii ni W1899-1-1. Mlinzi aliyenikuta nainakili alinieleza: tarakimu hizo ni mwaka picha ilipoingia nyumbani humo. Ilinunuliwa mwaka 1899, mwaka mmoja tu baada ya kuchorwa. Nikafungua daftari langu, kwenye papa wa Copley nikakuta nimeandika 1963.6.1 bila kujua nimeandika nini. Mwaka 1963. Kabla ya hapo ile picha ilikuwa ya shule moja Uingereza, kwa sababu Watson mwenyewe aliirithisha huko. Tangu siku ile huwa nausoma mstari wa mwisho kwanza, kwa kuwa unasema nani alitoa, nani alirithisha, lini ilinunuliwa, na kwa hiyo kwa nini picha iko hapa na si pale. Hakuna sheria kwamba picha hukaa kwa mchoraji wake. "Somo la Banjo" liko Hampton kwa sababu mwaka 1894 Robert Ogden, mmoja wa wadhamini wa chuo kile, alikipa chuo hiyo picha, na chuo kile kilianzishwa mwaka 1868 kusomesha watu weusi waliotoka utumwani.

Na wenyeji wenyewe huweza kupoteza picha zao. Yule Eakins aliyemfundisha Tanner alichora mwaka 1875 daktari Gross akipasua mgonjwa mbele ya wanafunzi, damu ikiwa vidoleni. Kwa zaidi ya karne moja ilikuwa mali ya chuo cha udaktari cha mjini humo. Mwaka 2006 chuo kikatangaza kuiuza kwa dola milioni 68, na wanunuzi walikuwa National Gallery ya Washington pamoja na jumba la Crystal Bridges la Arkansas, ila mji ukapewa siku 45 za kuikomboa. Watu wakachanga, maelfu yao, wakubwa kwa wadogo, kama sisi tunavyochangia harusi au msiba. Majumba mawili ya sanaa ya Philadelphia yakaungana, na ikabaki. Moja ya hayo mawili, kile chuo cha sanaa alichosoma Tanner, kilibidi kiuze picha nyingine ya Eakins huyo huyo ili kutimiza hesabu. Nilipolijua hilo nililia kidogo zaidi, lakini kwa sababu tofauti.

Dukani pale nilifanya kosa jingine. Nilinunua mabango mawili ya picha kwa ajili ya darasa, dola 46, yakafika Tanga yamepondeka kwenye sanduku. Hayakuhitajika. Metropolitan imeziachia huru picha zake zilizotoka kwenye hakimiliki tangu mwaka 2017, Smithsonian tangu 2020, na National Gallery nayo inaruhusu: unapakua faili kubwa, bila malipo, bila kuomba ruhusa, unakwenda steshenari unachapisha ukubwa unaoutaka. Nimechapisha papa wa Copley kwenye karatasi kubwa ya A1 hapa Tanga. Kwa wachoraji waliofariki karibuni hali ni tofauti, hakimiliki bado inasimama.

Niliporudi Silver Spring usiku nilimweleza mdogo wangu yote. Alikuwa ananyonyesha. Akasema, "Dada, si upige simu Hampton?" Nikapiga Jumatatu. Mashine ikajibu: chuo kimefungwa kwa sikukuu. Jumba la makumbusho la chuo hufuata kalenda ya chuo, na hilo nalo sikuwa nimelifikiria.

Wiki mbili za kungoja nilizitumia kupika uji na kwenda mara moja Phillips Collection, jumba jingine la sanaa la Washington, ambako kuna nusu ya picha 60 za Jacob Lawrence kuhusu uhamaji wa watu weusi kutoka kusini kwenda kaskazini. Alizichora mwaka 1940 na 1941, akiwa kijana wa miaka ishirini na kitu, zote kwa pamoja, rangi moja kwenye mbao zote kisha rangi inayofuata, ili nyekundu ya kwanza isitofautiane na ya mwisho. Za namba witiri ziko Phillips, za shufwa ziko New York, kwenye jumba la sanaa ya kisasa. Safari hii nilipiga simu kwanza. Ni ndogo, sentimita 30 kwa 46, ukubwa wa sinia ya chai. Namba moja ni umati stesheni, migongo na kofia na mizigo, unasukumana kuingia milango mitatu iliyoandikwa Chicago, New York, St. Louis. Nyuso huzioni. Shemeji yangu, aliyenisindikiza na hana mazoea ya picha, aliitazama muda mrefu akasema, "Shemeji, hii ni siku niliyoondoka mimi."

Chuo kikafunguliwa siku tatu kabla ya tiketi yangu ya kurudi. Nikapiga simu saa tatu kamili asubuhi, nikauliza maswali matatu ambayo nilikuwa nimeyaandika: picha ni yenu, imetundikwa leo, mtakuwa wazi mpaka saa ngapi. Mama aliyepokea alijibu yote, akaniuliza natokea wapi, nikamwambia, akanyamaza kidogo, kisha akasema tuje.

Shemeji aliomba ruhusa kazini. Tulikwenda sote, na mtoto nyuma kwenye kiti chake, tukasimama mara nne njiani kumnyonyesha. Petroli dola 60.

Picha ni ndefu kama mita moja na robo. Haina giza. Mwanga unaingia kutoka kushoto, wa baridi, wa dirisha ambalo hulioni, unaangukia kitambaa cheupe mezani na ukuta wa nyuma. Kutoka kulia unakuja mwanga mwingine, wa moto wa jikoni, mwekundu wa chungwa, unamlamba mzee shavu na mguu. Mianga hiyo miwili inakutana juu ya paji la uso la mtoto, na mtoto hana habari, macho yake yametua kwenye vidole vyake. Mzee ameushika mpini wa banjo kwa mkono mmoja ili uzito usimwelemee, basi. Kupiga amemwachia mwenyewe.

Nilifungua daftari nikachora mshale kutoka kushoto na mshale kutoka kulia. Mdogo wangu alisimama nyuma yangu na mtoto begani. Akaniuliza naandika nini. Nikamwambia naandika barua kwa wanafunzi wangu wa miaka kumi na moja, naanza na walioko Kidato cha Nne sasa, wao ndio wana madaftari karibu.